Ndugu yako akitekwa upande wa pili wa mji: mwongozo kwa familia, kutoka Beirut

Mwongozo huu ni wa mke, kaka, shangazi, jirani, au mwenye gari moja ambaye dereva wake hakurudi jioni. Mashirika makubwa yana watu wao wa usalama na bima zao. Mfano ninaoutumia ni Beirut ya 1975 hadi 1990 na miaka michache iliyofuata, kwa sababu karibu kila aina ya utekaji ilitokea humo, na waliorudi pamoja na waliosubiri wamesimulia kwa kirefu. Msomaji wa Goma, au mwenye ndugu Khartoum, atajua mwenyewe pa kupunguza na pa kuongeza.

Ramani kwanza. Vita vilipoanza Aprili 1975, mji ulikatika vipande viwili kufuata barabara ya Damascus: mashariki Wakristo wengi, magharibi Waislamu wengi. Katikati palibaki ukanda wa majengo yaliyotobolewa na risasi, na miaka ilivyokwenda majani na miti ikaota kwenye lami isiyopitwa na mtu. Ukaitwa Mstari wa Kijani. Watu walivuka kwenye vivuko vichache, kimojawapo karibu na Jumba la Makumbusho la Taifa, na kila kivuko kilikuwa na wenyewe. Hata ndani ya upande mmoja mitaa ilikuwa chini ya makundi tofauti: wanamgambo wa Kikristo wa Phalange na wa Majeshi ya Lebanoni mashariki, magharibi Amal ya Washia, Wadruzi wa kiongozi wao Jumblatt na Wapalestina, na baadaye Hizbullah, nayo ya Washia, kwenye vitongoji vya kusini. Kusema "ametekwa na watu wa magharibi" kulikuwa hakujasema kitu.

Kabla hajatoka nyumbani

Kitambulisho cha Mlebanoni kilikuwa kinataja dini na madhehebu ya mwenyewe. Jumamosi ya 6 Desemba 1975, baada ya wanachama wanne wa Phalange kukutwa wameuawa, wenzao waliweka vizuizi barabarani, wakawa wanasoma vitambulisho na kuua watu kwa mamia kwa sababu ya neno hilo moja. Siku hiyo inaitwa Jumamosi Nyeusi hadi leo.

Kwa hiyo jiulizeni mapema: jina lake, kitambulisho, lafudhi na namba za gari vinasema nini kwa kijana mwenye bunduki wa upande ule? Kubalianeni apite kivuko kipi, saa ngapi atakuwa amefika, na asiposikika hadi saa ngapi ndipo muanze kuulizia. Beirut walikuwa na mtangazaji wa redio, Sharif al-Akhawi, aliyewatangazia watu barabara gani inapitika na ni salama. Leo kazi hiyo inafanywa na makundi ya WhatsApp ya madereva. Ni mazuri kwa habari za barabara. Kwa habari za mtu aliyetekwa ni hatari, na nitaeleza kwa nini.

Saa za kwanza: nani kamchukua, na huyo yuko chini ya nani

Hapa ndipo familia nyingi hupoteza muda kwa kulia, kuitana, na kwenda kituo cha polisi ambacho hakina nguvu hata mtaa wa pili. Polisi waambieni, ndiyo, ili iandikwe. Lakini msisubiri hapo.

Mateka huanza mikononi mwa watu wadogo. Vijana wa kizuizini humpeleka kwenye ofisi ya kundi mtaani, ofisi humpandisha kwa mkubwa wa eneo, na mkubwa wa eneo huweza kumkabidhi kwa watu wengine kabisa. Kila anapopandishwa ngazi, idadi ya watu wanaoweza kusema "mwachieni" hupungua. David Dodge, kaimu rais wa Chuo Kikuu cha Marekani cha Beirut, alichukuliwa ndani ya eneo la chuo tarehe 19 Julai 1982. Aliachiwa mwaka mmoja baadaye, na sehemu kubwa ya kifungo chake aliimaliza nchini Iran.

Tafuteni majibu ya maswali haya kutoka kwa walioona kwa macho yao, si waliosikia:

- Alionekana wapi mara ya mwisho? Duka gani, kona gani, saa ngapi?
- Gari lilikuwa aina gani, na liliondoka kuelekea wapi?
- Walizungumza kwa lafudhi ya wapi?
- Walimwita kwa jina, au walisoma kitambulisho tu?

Swali la mwisho ndilo zito kuliko yote. Aliyeitwa kwa jina alikuwa anatafutwa, na hiyo ni kesi tofauti na ya mtu aliyekuwa mahali pabaya saa mbaya. Sare zisiwadanganye. Tarehe 24 Januari 1987 wahadhiri wanne wa Chuo Kikuu cha Beirut walichukuliwa chuoni na watu waliovaa kama polisi.

Aende kuulizia mtu anayeishi upande ule: shemeji, jirani wa zamani aliyehamia huko, daktari, mwokaji mikate ambaye vijana wa kizuizini hununua kwake, padri au sheikh wa mtaa huohuo. Asivuke kaka mtu kwa hasira. Mkimpeleka yeye mtakuwa na mateka wawili.

Siku hiyohiyo fungueni faili Msalaba Mwekundu au Hilali Nyekundu. Vyama vya Msalaba Mwekundu vya Kenya, Tanzania, Uganda, Burundi na Kongo vina watu wa kutafuta waliopotezana na ndugu zao, na huduma hiyo hailipiwi. Kamati ya Kimataifa ya Msalaba Mwekundu hailipi wala haijadili kikomboleo. Kazi yake ni kuulizia mtu kwa pande zote, kupeleka barua, na pande zikikubaliana, kusimamia makabidhiano.

Mdomo mmoja, daftari moja

Chagueni msemaji mmoja. Asiwe mama wala mke, maana watekaji wanajua kumliza mtu kwenye simu. Awe mtulivu, anayelala usiku, asiye na madeni. Pembeni yake akae mwingine wa kuandika: saa, maneno yenyewe, kelele za nyuma, lafudhi. Namba moja itumike kwa jambo hilo tu.

Simu ikija, msemaji asibishane wala asiahidi. "Nimewasikia. Mimi si mwenye uamuzi, nipeni muda niwaulize wazee." Sentensi hiyo inatosha kwa wiki nzima, na ina faida ya kuwa kweli.

Matapeli nao watakuja, kwa hakika. Ndiyo sababu ya kutomwaga habari kwenye makundi ya WhatsApp: ukishaandika jina lake, shati alilovaa na mahali alipopotelea, mtu yeyote anaweza kupiga simu na kusema anaye. Kuna jambo moja msilitaje kwa yeyote, kovu au jina la utani la nyumbani. Hilo ndilo mtakalowapimia.

Ni utekaji wa aina gani?

Beirut ilikuwa na aina tatu, na dawa ya moja ni sumu kwa nyingine.

Ya kwanza ni ya kulipiza. Wa kwenu wameuawa, mnakamata wa kwao. Hii ina saa chache tu, na mara nyingi inaisha kwa kifo au kwa mtu kuachiwa jioni hiyohiyo. Inamalizwa na mkubwa wa mtaa, kwa simu moja, akipigiwa na anayemheshimu. Pesa hazina kazi hapa.

Ya pili ni ya kubadilishana. Kundi linakusanya watu ili kurudishiwa wake walio upande wa pili. Hapo mateka ana thamani akiwa hai, na kuna orodha: mnachotaka ni jina la ndugu yenu liwe kwenye orodha. Familia nyingi za Beirut zilikosea hapa kwa kuficha jina kwa hofu. Majina yasiyo kwenye orodha ndiyo yaliyopotea. Wapo pia waliojibu kwa kumteka mtu wa upande wa pili ili wabadilishane. Najua kishawishi hicho, na mara nyingine kilifanya kazi. Lakini ndicho kilichogeuza kila mpita njia kuwa bidhaa, na aliyetekwa kwa kisasi naye ana mama mwenye daftari kama lenu.

Ya tatu ni ya kisiasa, na iliwalenga hasa wageni. Kati ya 1982 na 1992 takriban wageni mia moja walitekwa Lebanoni. Watu walidhani ufunguo uko Beirut. Haukuwa Beirut. Kundi lililojiita Jihad ya Kiislamu lilitaka wafungwa 17 walioshikwa Kuwait kwa milipuko ya Desemba 1983, miongoni mwao akiwamo shemeji wa Imad Mughniyeh, mmoja wa vichwa vya utekaji huo. Kuwait ilikataa katakata. Agosti 1990 majeshi ya Iraq yaliivamia Kuwait, wafungwa wakatoka katika vurugu hizo, na dai lenyewe likafa. Hapakuwa na ndugu wa mateka ambaye angeweza kulifanikisha hilo, na ni vizuri kulijua mapema ili mtu asijilaumu miaka yote. Kwenye aina hii familia hufanya mambo mawili tu: kuhakikisha serikali yake haisahau, na kulinda afya ya walio nyumbani.

Msitoe kitu kabla ya kujua kwamba yu hai

Picha haitoshi. Video haitoshi. Oktoba 1985 watekaji walitangaza kwamba wamemuua William Buckley, ofisa wa CIA. Mateka waliotoka baadaye walieleza kwamba alikuwa ameshakufa kwa maradhi miezi kadhaa nyuma, mikononi mwao. Alec Collett, mwandishi Mwingereza aliyekuwa akifanya kazi na shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi wa Kipalestina, alitekwa Machi 1985. Mwaka uliofuata ikatolewa video iliyodaiwa kuonyesha amenyongwa. Mabaki yake yalipatikana 2009 kwenye bonde la Bekaa. Miaka 23 kati ya video na uhakika.

Ulizeni swali ambalo jibu lake halipo kwenye simu yake, wala Facebook, wala kwa rafiki: mbuzi aliyemkimbiza akiwa mtoto aliitwa nani, bibi alikuwa akimwitaje. Jibu likija, andikeni tarehe. Kila hatua mpya ya mazungumzo, swali jipya. Watakaokasirika na kukata simu kwa sababu ya swali, wengi hawana mtu.

Mtu wa kati

Huyu ndiye mwenye kazi ngumu, na ndiye familia huchagua kwa haraka kuliko wote. Anayefaa anaheshimiwa na pande zote mbili, hana deni kwa yeyote kati yao, na hana mzigo wa pili aliouficha.

Terry Waite alikuwa mjumbe wa Askofu Mkuu wa Canterbury. Alikuwa amewahi kusaidia watu kutoka Iran na Libya, na watekaji wa Beirut walikutana naye wakamrudisha salama. Kilichomharibia ni Wamarekani. Alikuwa akiwasiliana na Oliver North, ofisa wa Ikulu ya Marekani, ambaye kumbe nyuma yake alikuwa akiiuzia Iran silaha ili mateka waachiwe. Siri ilipofichuliwa Novemba 1986, Waite akaonekana ni kifuniko cha biashara hiyo. Alirudi Beirut hata hivyo, na Januari 20, 1987 aliokwenda kukutana nao wakamfunga. Alikaa siku 1,763, karibu miaka minne akiwa peke yake.

Linganisha na Giandomenico Picco wa Umoja wa Mataifa. Mwaka 1991 alikuwa anachukuliwa usiku Beirut, peke yake, anaingizwa kwenye gari na watu waliofunika nyuso, anapelekwa asikokujua. Hakuwa jasiri kuliko Waite. Alikuwa na Katibu Mkuu mmoja tu nyuma yake, na alikuwa na cha kutoa kwa kila upande: Iran, Israeli, na watekaji wenyewe, ambao wakati huo walikuwa wanataka kumaliza jambo.

Kwenu, huyo "Katibu Mkuu" anaweza kuwa baraza la wazee au jumuiya ya wafanyabiashara. Mwulizeni mtu wa kati mbele ya mashahidi: nani mwingine unamwakilisha? Akijikanyaga, mshukuruni kwa chai mtafute mwingine. Na wasiwe wawili kwa siri. Wakigundua wawili, bei hupanda na mazungumzo hurudi mwanzo.

Bei

Katika 1985 na 1986 Marekani, kinyume na ilivyotangaza hadharani, ilipeleka makombora Iran. Wakaachiwa mateka Wamarekani watatu: Weir, Jenco na Jacobsen. Katika Septemba na Oktoba 1986, kabla hata Jacobsen hajatoka, walikuwa wameshatekwa wengine watatu: Reed, Cicippio na Tracy. Hesabu hiyo inasema yote kuhusu kulipa kwa serikali.

Familia si serikali. Sitamwambia mama asilipe. Nitamwambia aulize kwanza sheria, maana nchi nyingi zinahesabu malipo kwa kundi lililoorodheshwa kuwa la kigaidi kuwa kosa la jinai. Asitaje kiasi cha kwanza yeye. Aongeze kidogokidogo, kila nyongeza ikiwa ndogo kuliko iliyotangulia, ili waone mfuko unakauka. Na asilipe nusu kwa ahadi ya nusu. Mahali pa makabidhiano pawe na mtu wa tatu.

Kuhusu kumwokoa kwa nguvu: ilitokea. Aprili 1984 wapiganaji wa Amal walimtoa mwalimu Mmarekani Frank Regier pamoja na Mfaransa mmoja. Lakini Amal walikuwa wenyewe wa mtaa, waliojua nyumba na ngazi zake. Anayewauzia mpango wa kuvamia kutoka upande wa pili anawauzia jeneza.

Kupiga kelele au kunyamaza

Katika siku za kwanza, nyamazeni. Kelele humfanya kijana wa kizuizini ajue ameshika mtu wa thamani. Baada ya miezi mambo hugeuka, na kimya kinakuwa hatari kuliko kelele, hasa kwa utekaji wa kisiasa. Peggy Say, dada wa mwandishi Terry Anderson, aliambiwa na maofisa anyamaze na hakunyamaza kwa karibu miaka saba. Dada zake mateka Brian Keenan walifanya hivyo Ireland, na Jill Morrell na wenzake wakafanya hivyo Uingereza kwa ajili ya mateka John McCarthy.

Walebanoni wenyewe hawakuwa na kamera za kigeni. Wadad Halawani, ambaye mumewe Adnan alichukuliwa nyumbani kwao Septemba 1982, alitoa wito redioni kwa wenye ndugu waliotekwa wakutane. Alidhani watakuja wachache. Ilijaa barabara, Wakristo na Waislamu pamoja, na wakaunda kamati ya familia iliyopo mpaka leo. Kama kuna familia nyingine zenye tatizo kama lenu, zitafuteni, hasa zilizo upande wa pili: wao wanajua magereza ya kwao, ninyi mnajua ya kwenu.

Kwa aliye ndani

Haya aambiwe kabla ya kusafiri, kwa sababu baadaye haiwezekani. Usipigane wakati wa kukamatwa. Ukifungwa kitambaa machoni usichungulie. Aliyemwona mlinzi uso amekuwa shahidi. Omba vitu vidogo: maji, kwenda chooni, dawa. Taja watoto wako. Kula chochote, fanya mazoezi hata ukiwa na mnyororo, hesabu siku. Thomas Sutherland alimfundisha mateka mwenzake Anderson Kifaransa gizani. Waite, akiwa peke yake, aligonga ukuta hadi Anderson akajibu, na kwa kugonga herufi moja baada ya nyingine akapata habari za dunia. Kuhamishwa ndiko kulikowatesa wengi: kuviringwa kwa utepe wa kunata mwili mzima na kufichwa chini ya lori. Pumua polepole kwa pua, usigaegae.

Siku anaporudi

Anderson aliachiwa Desemba 4, 1991, baada ya siku 2,454. Alikabidhiwa Damascus, akapelekwa hospitali ya kijeshi Ujerumani kabla ya kurudi kwao. Nanyi mwekeeni kituo cha katikati, hata kama ni nyumba ya binamu: siku mbili tatu, daktari, chakula chepesi kidogokidogo, watu wawili tu aliowachagua yeye. Ngoma na wageni mia wasubiri. Mwacheni aamue taa izimwe au iwake, mlango ufungwe au ubaki wazi. Ni muda mrefu hajaamua hata hilo. Watoto waandaliwe: binti wa Anderson alizaliwa baba yake akiwa ameshatekwa, akamwona kwa mara ya kwanza akiwa na miaka sita. Shirika la Hostage International, ambalo Waite alishiriki kulianzisha, husaidia familia kwenye jambo hili bila malipo.

Kabla hajasahau, aulizwe kwa upole aliwaona au kuwasikia nani wengine ndani. Majina hayo pelekeni kwa familia zao siku hiyohiyo.

Asiporudi

Takwimu ya serikali ya Lebanoni inayotajwa zaidi ni watu wapatao 17,000 wasiojulikana walipo. Mwaka 1991 ulitolewa msamaha kwa wapiganaji, na milango ya kuuliza ikafungwa. Sheria ya 1995 iliruhusu familia kumwandikisha aliyepotea kuwa amekufa. Wengi walikataa kutia sahihi, kwa sababu kutia sahihi kulikuwa ni kufunga faili. Kama kwenu kuna cheti cha namna hiyo kwa ajili ya mirathi au ndoa, mwulizeni wakili kwanza kama kinafuta haki ya kuendelea kutafuta. Kwa Lebanoni haki ya kujua iliandikwa kisheria Novemba 2018, Sheria namba 105, miaka 28 baada ya vita kwisha.

Wakati mnasubiri, tunzeni vitu: picha inayoonyesha meno, rekodi za daktari wa meno, mivunjiko ya zamani, nguo alizovaa siku ile, majina ya mashahidi na sahihi zao. Msalaba Mwekundu ulianza 2016 kukusanya mate ya ndugu wa waliopotea Lebanoni kwa ajili ya vinasaba. Wazazi wengi walikuwa wameshakufa. Odette Salem, ambaye watoto wake wawili walitekwa 1985, aligongwa na gari Mei 2009 karibu na hema la katikati ya Beirut ambalo akina mama waliketi kudai majibu tangu 2005.

Kwa hiyo anzeni na wazee: mama, baba, kisha ndugu wa damu. Sampuli ichukuliwe na wataalamu, na ipewe namba. Namba hiyo iandikwe kwenye daftari, na daftari lipewe mrithi aliye kijana, anayejua kusoma mwandiko wa aliyeliandika.